Okorema na Ogotema: Historia ya Sauti za Mara na Kalamu ya Mhakiki

Ndugu msomaji, naomba nianze kwa kukiri kosa. Mwaka jana, katika kozi ya fasihi simulizi, niliwasilisha kazi kuhusu nyimbo za iritungu, ile ala ya nyuzi nane ya Wakurya, nilizozirekodi kijijini kwetu wilayani Tarime. Katika kazi hiyo nilidai, tena kwa mbwembwe, kwamba manju wetu anatunga kwa vina kama mshairi wa pwani. Ushahidi wangu ulikuwa mezani: mstari mmoja uliishia na neno okorema, yaani kulima, na uliofuata ukaishia na ogotema, yaani kupiga. Huku -ema na huku -ema. Mtu angetaka kina gani zaidi ya hicho? Nilihesabu vina vya namna hiyo kumi na vinne katika wimbo mmoja, nikavipangia jedwali, nikapata alama nzuri.

Likizo ilipofika nikaenda kumsomea bibi, nikitegemea sifa. Nikamwuliza, "Bibi, si unasikia haya mawili yanavyofanana mwishoni?" Akaniambia nirudie. Nikarudia. Akacheka mpaka akaweka chini karai la mtama. "Hayafanani, mjukuu wangu. Wewe ndiye unayeyafananisha. Umekaa sana Dar." Kisha akayatamka mwenyewe, polepole, mara tatu. La kwanza midomo ilibana na ulimi ukapanda kidogo. La pili kidevu kilishuka. Sikio langu, ambalo lilizaliwa humohumo, likasikia. Zilikuwa e mbili tofauti, nami nilikuwa nimeziandika kwa herufi moja.

Makala hii inatokana na aibu hiyo. Nakusudia kueleza, kwa lugha ya mtu wa fasihi na si ya fundi wa isimu, jinsi wataalamu walivyozichimba sauti za lugha za Tarime na Serengeti mpaka wakafika kwenye Kibantu cha kale, na kwa nini mhakiki asiyeijua historia hiyo anaweza kuhakiki wimbo ambao haukuimbwa na mtu yeyote. Wapo wenzetu wanaosema, "Mambo ya irabu na konsonanti tuwaachie watu wa isimu, sisi tuna dhamira na wahusika." Nami nilisema hivyohivyo kabla ya bibi kucheka.

Kwanza tuone kazi yenyewe inavyofanyika. Historia ya sauti huchunguzwa kwa njia mbili. Njia ya kwanza ni ya wenye bahati, yaani wale ambao wazee wao waliandika zamani. Mfano maarufu ni Kitibeti. Watibeti walipata hati yao katika karne ya 7, na mapokeo yao humtaja Thonmi Sambhota, waziri wa mfalme Songtsen Gampo, kuwa ndiye aliyeiunda. Tahajia waliyoiweka haijabadilika sana tangu hapo, ingawa vinywa vimebadilika. Neno lao la nane huandikwa kwa herufi ambazo zikihamishiwa kwenye herufi zetu zinakuwa brgyad. Pale Lhasa hakuna anayetamka msongamano huo: imebaki konsonanti moja mbele na irabu fupi nyuma. Lakini ukienda magharibi, kwa watu wa Ladakh na Baltistan, baadhi ya konsonanti zile bado zinasikika. Kwa hiyo mchunguzi wa Kitibeti ana kitabu mkono huu na lahaja mkono ule, na anaweza kuonyesha kilichopotea na hata kilicholipwa kwa hasara hiyo, kwa sababu Kitibeti cha Lhasa kilipopoteza tofauti za ughuna mwanzoni mwa maneno kilianza kuzitofautisha kwa toni.

Sisi wa Mara hatuna hati ya karne ya 7. Hatuna hata ya karne ya 17. Njia yetu ni ya pili, ya masikini: kulinganisha ndugu. Unachukua neno moja unalikuta Kikurya, Kigusii, Kigikuyu, Kisukuma, Kiswahili, unatazama sauti zinavyopokezana kwa utaratibu, kisha unauliza babu yao alikuwaje. Wilhelm Bleek alianza kulinganisha lugha hizi katika karne ya 19 na ndiye aliyeeneza jina "Bantu" kwa ajili ya kundi zima. Aliyeweka misingi ya sauti ni Mjerumani Carl Meinhof, katika kitabu alichokitoa mwaka 1899. Baada yake wakaja Malcolm Guthrie wa London, na A. E. Meeussen wa Tervuren, Ubelgiji, ambaye katika miaka ya 1960 alikusanya maneno na maumbo yaliyodhaniwa kuwa ya Kibantu Mame. Wote hawa wanakubaliana juu ya jambo linalotuhusu hapa: lugha mame ile ilikuwa na irabu saba.

Saba, si tano. Juu kabisa palikuwa na i na u zilizobana sana. Chini yake i na u za kawaida. Chini zaidi e na o. Na chini kabisa a. Kiswahili kimeziunganisha jozi mbili za juu, ndiyo maana shuleni tumefundishwa a, e, i, o, u kama vile Mungu mwenyewe alizihesabu zikaishia hapo. Kikurya hakikuunganisha. Kimebaki na saba, na tofauti yake na ile ya kale ni kwamba jozi ya kati imeshuka kidogo, ikawa e na o za kubana, wakati e na o za asili zimekuwa za kufunguka. Wataalamu huziandika hizi za kufunguka ɛ na ɔ.

Sasa rudi kwa bibi. Kulima katika Kikurya ni -rema, kwa e ya kubana. Kiswahili kinasema -lima. Kupiga ni -tɛma, kwa e iliyofunguka; Kiswahili kinacho kitenzi hichohicho, -tema, kama kutema kuni, ingawa maana zimeachana. Umeona mchezo? Pale ambapo Mkurya ana e mbili, Mswahili ana i na e. Kiswahili hakikuipoteza tofauti hii, kimeitunza mahali pengine. Upande wa nyuma ni vilevile: -toma ya Kikurya ni -tuma ya Kiswahili, na -roma ni -uma, ile ya mbwa kumuuma mtu, ambapo l ya kale imeanguka. Lakini -rɔga ni -roga. O ya kubana inalingana na u, o iliyofunguka inalingana na o.

Kwa Mkurya anayeandika kwa herufi tano za shule hii ni dawa ya bure. Ukitia shaka e ipi iko katika neno, mtafute binamu yake wa Kiswahili: akiwa na i, yako ni ya kubana, akiwa na e, yako imefunguka. Dawa hii haitibu maneno yote, kwa kuwa si kila neno lina binamu, lakini laiti ningeijua, jedwali langu la vina kumi na vinne lisingeandikwa.

Na zile i na u za juu kabisa, je? Kiswahili kilizichanganya na za kawaida, lakini kabla ya kuzichanganya ziliacha makovu kwenye konsonanti zilizotangulia. Gikuyu, ambayo nayo imehifadhi irabu saba, ina tũma kwa maana ya kutuma, na tuma kwa maana ya kushona. Kiswahili kina -tuma na -fuma. Irabu zimekuwa moja, lakini t iliyokaa mbele ya u ya juu ilisagika ikawa f. Kovu jingine tunalo kila siku na hatulitazami: linda lakini mlinzi, pika lakini mpishi, fuata lakini mfuasi, penda lakini mpenzi. Ile -i ya mwisho inayomtaja mtendaji ilikuwa i ya juu kabisa, na ndiyo iliyozilainisha konsonanti hizo. Kila tunapoandika neno "mtunzi" katika uhakiki wetu, tunaandika irabu iliyokufa.

Kikurya kiliipokea -i hiyo kwa namna nyingine kabisa. Hakikusaga konsonanti, kilinyanyua irabu. Okorema ni kulima, lakini mkulima ni umurimi: i ya mwisho imeivuta e ya mzizi ikawa i, na hiyo ikaivuta omo- ya mbele ikawa umu-. Neno zima linapanda ngazi kwa ajili ya irabu moja ya mkiani. Ndiyo sababu hata jina la lugha yetu huandikwa Igikuria na wengine na Egekuria na wengine. U ya -kuria inawavuta walio mbele yake. Waliolichambua jambo hili kwa kina ni Chacha Nyaigotti-Chacha na David Odden, katika makala yao ya mwaka 1998 kuhusu kimo cha irabu za Kikuria. Tafadhali lisome jina la kwanza tena. Ndiye huyohuyo aliyetuandikia tamthilia ya Mke Mwenza, na ndiye mwandishi wa Ushairi wa Abdilatif Abdalla: Sauti ya Utetezi, kitabu ambacho wengi wetu tumekinukuu katika mitihani. Mtunzi na mhakiki ameketi akapima kimo cha irabu za nyumbani kwao. Wale wanaosema irabu si kazi yetu wamwendee yeye kwanza.

Sasa tugeukie konsonanti, na hapa nina kisa cha pili. Nina mjomba ambaye Kiswahili chake kilitufurahisha sana tulipokuwa watoto. Alisema gitabu, gitanda, gitu. Sisi tuliosoma tulijificha nyuma ya nyumba tukimwigiza. Ajabu ni kwamba mjomba huyohuyo alisema kidole, kijiji na kidonda barabara kabisa, wala hakuna aliyejiuliza kwa nini ulimi unaoshindwa kusema ki- kwenye kitanda uiweze kwenye kidole.

Ulimi wa mjomba ulikuwa haushindwi kitu. Ulikuwa unatii sheria. Edmund Dahl, mmisionari wa Kimoraviani aliyefanya kazi Unyamwezi, ndiye aliyeigundua, na Meinhof akaitangaza kwa jina lake mwaka 1903. Hadi leo inaitwa Sheria ya Dahl. Inasema hivi: silabi mbili zinapofuatana na zote zinaanza na konsonanti isiyo ghuna, ile ya kwanza hugeuka kuwa ghuna. Kiswahili hakina sheria hii, ndiyo maana tunasema tatu bila taabu. Msukuma husema -datu: t mbili zilikutana, ya kwanza ikawa d. Lakini tano kwake ni -taano, t yake haijaguswa, kwa sababu inayofuata ni n, na n ni ghuna. Wahindi na Wayunani wa kale walikuwa na jambo linalofanana na hili katika konsonanti zao za mpumuo, na Hermann Grassmann aliliandika mwaka 1863. Kwa hiyo si ulemavu wa washamba, ni tabia ambayo lugha za watu huwa nayo.

Katika Kikurya sheria inaonekana hasa kwenye viambishi vyenye k. Hebu tazama tena kichwa cha makala hii: okorema, lakini ogotema. Kiambishi ni kimoja, kile tunachokiita ku- katika Kiswahili. Mbele ya r kimebaki oko-, mbele ya t kimekuwa ogo-. Maneno mawili niliyoyatumia kujiaibisha yalikuwa yanabeba historia ya sauti kotekote, mbele na nyuma, nami nikaona kina tu! Vivyo hivyo majirani zetu wa Kisii huita lugha yao Ekegusii, kwa k, kwa sababu g ya -gusii tayari ni ghuna. Sisi ni Igikuria, kwa g, kwa sababu k ya -kuria si ghuna. Wagikuyu wanasema Gĩkũyũ lakini jirani yao ni Kĩmerũ. Kiambishi kilekile, sheria ileile.

Tena sheria haijafa. Kitabu ni neno la Kiarabu, na ile ki- yake wala haikuwa kiambishi huko lilikotoka. Waswahili wakalifanya kitabu na vitabu. Wakurya wakalipokea kama egetabo, na kwa wingi ibitabo. Mgeni ameingia juzi na amevishwa sare mlangoni. Mjomba alipokuwa akisema gitabu alikuwa akifanya kwa Kiswahili kile ambacho lugha yake hufanya kwa kila mgeni, na sisi tuliocheka ndio tuliokuwa hatujui kitu.

Ukipanda gari kutoka Sirari mpaka Mugumu unaweza kuisoma sheria hii kwenye vibao vya barabarani, ingawa majina ya mahali ni mashahidi wa pembeni tu. Kegonga, Kewanja, Kerende, Kenyamonta: zote zina k, na zote zinafuatwa na sauti ghuna. Genkuru na Gesarya zina g, na zinafuatwa na k na s. Lakini Gibaso ina g mbele ya b, nayo haitii, kwa hiyo nawaonya wenzangu wasifikiri kila ge- au gi- mwanzoni mwa jina ni kiambishi kilichogeuka. Jina linalonivutia zaidi ni la mji wa ng'ambo ya mpaka, Kehancha. Ukiichukulia ke- kuwa kiambishi, h si ghuna, basi tungetarajia Gehancha. Mbona k imebaki? Gikuyu nayo inafanya hivyohivyo: inasema kĩhooto kwa maana ya haki, si gĩhooto. Maelezo yanayoniridhisha ni kwamba h ya lugha hizi inatokana na p ya kale. Kiswahili kinasema -pa, Kikurya -ha, Gikuyu -he. Inaelekea p ilikuwa imekwisha kulegea kabla sheria haijafunga kazi, kwa hiyo sheria haikuihesabu miongoni mwa konsonanti ngumu. S nayo ni laini leo, lakini inatokana na sauti iliyokuwa ngumu, ikakamatwa. Kama ni hivyo, kibao kimoja cha barabarani kinatupa mfuatano wa matukio mawili yaliyotokea kabla ya mtu yeyote huku kushika kalamu. Watibeti wana hati yao. Sisi tunacho kibao.

Toni nitaigusa kwa kifupi, si kwa sababu ni ndogo, bali kwa sababu inanizidi kimo. Kiswahili kiliipoteza toni ya Kibantu cha kale, kikabaki na mkazo kwenye silabi ya pili kutoka mwisho. Kikurya kinayo, lakini kimeifanyia jambo la pekee. Katika majina toni hutofautisha neno na neno. Katika vitenzi, kitenzi chenyewe hakina toni yake ya kuzaliwa. Mahali pa sauti kupanda huamuliwa na njeo. Njeo moja hupandisha sauti kuanzia irabu ya kwanza ya shina, nyingine ya pili, nyingine ya tatu, nyingine ya nne. Jelle Cammenga aliieleza sarufi na sauti za Kikuria katika tasnifu yake ya mwaka 1994 pale Amsterdam, na Leonard Chacha Mwita akaandika tasnifu nzima juu ya toni ya vitenzi mwaka 2008 katika Chuo Kikuu cha California, Los Angeles. Viambishi husaidia kuonyesha njeo, sikatai. Lakini hebu fikiri manju anayeimba habari ya vita au mavuno: swali la kama jambo limeshapita au linakaribia limegawanywa kati ya kiambishi na mahali sauti inapopanda, naye manju ana muziki unaopanda na kushuka kwa sheria zake. Anapatanishaje? Anavunja toni ili aokoe muziki, au anaupinda muziki? Hilo ndilo swali la uhakiki, tena swali tamu. Nani katika darasa letu amewahi kuliuliza? Matini zetu zote hazina alama hata moja ya toni.

Upande wa Serengeti mambo yanazidi kunoga. Guthrie alizipa lugha za Kibantu herufi na namba, na kwake kundi letu ni E40: Kigusii ni E42, Kikurya E43, Kizanaki E44, Kinata E45, na Kisonjo E46. Watu wa Sonjo wako mbali, upande wa Ziwa Natron, na kati yao na Ikoma pana Hifadhi ya Serengeti nzima yenye simba na nyumbu. Lakini lugha zinakumbuka ujirani ambao ramani ya leo inaukatalia. Ikoma, Nata na Isenye wanasikilizana vizuri mno kiasi kwamba wataalamu huziweka tatu hizo pamoja. Kiikoma kimeandikiwa tasnifu ya irabu na Holly Higgins mwaka 2012, na Kinata kimepata bahati ya kuchunguzwa na mwana wa lugha yenyewe, Joash Gambarage, aliyeandika kuhusu namna irabu zake saba zinavyopatana ndani ya neno. Lotta Aunio wa Helsinki ameandika juu ya toni za majina za Ikoma, Nata na Isenye. Na mpaka wa irabu saba na tano unapita ndani ya mkoa wetu: ukitoka huku ukashuka ziwani kwa Wajita na Wakwaya, unakuta tano kama za Kiswahili. Mjita akisikiliza wimbo wa Nata, sikio lake litamdanganya kama karatasi yangu ilivyonidanganya mimi.

Kuna faida moja zaidi ambayo mhakiki wa nyimbo asiikose. Sauti zinapofuatwa kwa utaratibu, neno la urithi hutengana na neno la kuazima. Nyimbo zetu zimejaa majina ya marika na vizazi: Saai, Chuma, Maina, Nyangi. Ukitafuta mizizi yake katika Kibantu utahangaika bure. Wanandi wa Kenya, ambao lugha yao si ya Kibantu, wana marika yaitwayo Sawe, Chumo, Maina na Nyongi. Christopher Ehret, katika kitabu chake cha mwaka 1971 juu ya historia ya Waniloti wa Kusini, alionyesha kwamba watu wa lugha za jamii hiyo walikaa na Wabantu katika nchi hizi kwa muda mrefu wakaachiana maneno. Jan Bender Shetler naye, katika Imagining Serengeti ya mwaka 2007, aliyaweka masimulizi ya wazee wa Ikoma, Nata, Ikizu, Ngoreme na Isenye pamoja na ushahidi wa lugha, na picha inayotokea ni ya watu waliochanganyika sana, wakulima, wafugaji na wawindaji. Nimewahi kusoma kazi ya mwenzetu inayosema wimbo fulani wa tohara ni "hazina safi ya Kibantu isiyoguswa". Jamani! Mstari wake wa kwanza ulikuwa unataja Chuma.

Najua nitaambiwa kwamba sasa namtwika mhakiki mzigo usio wake. Mimi sisemi kila mwanafunzi wa fasihi aende akajifunze Kibantu Mame. Nasema kwamba hatua ya kwanza ya uhakiki wa fasihi simulizi ni kunukuu, na kunukuu ni kuchagua sauti zipi zihesabiwe. Tunaponukuu wimbo wa Kikurya kwa herufi tano za Kiswahili tumeshauhakiki kabla hatujauhakiki: tumeshaamua kwamba irabu mbili si kitu. Tena tunafanya hivyo huku tukilalamika kwamba wageni walizipuuza fasihi zetu. W. H. Whiteley, Mwingereza, aliandika tasnifu juu ya kitenzi cha Kikuria mwaka 1955. Malcolm Ruel, Mwingereza mwingine, alishirikiana na Wakuria wenyewe kutoa kamusi ya Kikuria na Kiingereza mwaka 1996. Maktaba inavyo vitabu vya namna hii kwa wanaoomba. Sisi tulio na bibi walio hai tunapuuza kwa herufi za shule.

Nilirudia kazi yangu, ingawa alama zilikuwa zimeshatolewa na hakuna aliyeniomba. Nilikwenda na simu na daftari, nikamwomba bibi asikilize kila mwisho wa mstari aseme kama "unafanana" au "haufanani". Kati ya vina kumi na vinne vilibaki vitano. Mwanzoni nilisikitika, nikaona manju wangu amefilisika. Ila kwenye mistari ile tisa iliyobaki bibi alikuwa anasita. Aliniambia mara kwa mara kwamba maneno hayafanani lakini "yanakwenda pamoja", na alipotaka kunionyesha alikuwa hatamki irabu, alikuwa anaguna tu, mm-MM-mm, mkono ukipanda na kushuka. Nilipoweka alama za toni juu ya mistari hiyo, saba kati ya tisa sauti zake zilipanda mahali pamoja, silabi ya tatu kutoka mwisho. Sijui kama alifanya manju au imefanya ala, na wimbo mmoja hautoshi kusema. Nimeshapata nyimbo nne nyingine, mbili za Tarime na mbili nilizopewa na rafiki wa Robanda ambazo sauti zake bado zinanitesa. Bibi amesema nikirudi Desemba nije na daftari jipya, kwa sababu lile la kwanza, lenye jedwali la vina, ameshawashia moto jikoni.